Kanuni niliyoandika mimi ndiyo iliyomeza malalamiko yao

Admin, naomba jina langu lisionekane popote. Nina miaka ishirini na minne, ni Mtanzania, na huu ni mwaka wangu wa pili hapa Minnesota, Marekani. Nyumbani nilisomea kompyuta chuoni. Hapa ni karani katika ofisi ndogo mjini Maplewood inayopeleka wahudumu kwa wazee na wagonjwa majumbani. Mwenye ofisi ni mama Mkenya, wote tunamwita Auntie. Ndiye aliyenipokea uwanja wa ndege akiwa na koti la baridi mkononi. Ninaishi chini kabisa, kwenye beismenti ya nyumba yake mjini Blaine, na kwa kuwa sina leseni, kila asubuhi naenda kazini kwenye gari lake. Naeleza haya ili muelewe kwa nini sikuuliza maswali mengi.

Mwaka huu majira ya kuchipua, Auntie alilalamika kwamba anwani za tovuti yetu ni ndefu, zimejaa alama za kuuliza na namba, familia za wagonjwa haziwezi kuzinakili. Nilijua kuna nyongeza inayowekwa kwenye seva, kompyuta inayobeba tovuti: mtu anaandika anwani fupi, yenyewe inaiandika upya kimyakimya na kumpeleka panapotakiwa. Kwa haraka nikaweka kanuni, yaani mistari ya kuielekeza, kabla ya kuweka nyongeza yenyewe, na tovuti nzima ikagoma. Auntie akatoka ofisini kwake ameshika kiuno. "Wewe msichana wa Bongo, umeniulia website?" Watu wakacheka. Nikaweka nyongeza, nikaiwasha upya seva, na kila kitu kikafunguka kwa anwani fupi, safi. Kwenye maombi ya wafanyakazi ya Ijumaa alinisimamisha nipigiwe makofi.

Wiki iliyofuata aliniita na kufunga mlango. Alitaka kanuni moja zaidi, ya fomu ya malalamiko. "Mtu akituma, isikuje kwa inbox yetu. Aone tu page ya thank you."

"Sasa Auntie, alichoandika kitakwenda wapi?"

"Maswali mingi ya nini? Ni two weeks tu, tuna-change system. Ama wewe si mtoto wangu?"

Nikaandika. Chuoni tulifundishwa kwamba juu ya kila badiliko unaweka jina lako, tarehe, sababu na aliyeagiza. Niliweka jina langu, tarehe, na maneno "kwa muda". Mahali pa aliyeagiza nilipaacha wazi. Niliona ni utovu wa adabu kumwandika mtu mzima aliyenipa kitanda, kana kwamba namshtaki.

Wiki mbili zikawa miezi minne. Sitawadanganya, nilisahau.

Jumanne iliyopita akaja kaunta mama mmoja Mkongomani, nimwite Mama Neema. Sisi ndio tunaomhudumia mama yake mzazi, ambaye hawezi kujigeuza kitandani. Hakupiga kelele, na ingekuwa afadhali angepiga. "Dada, miye niliandika mara tatu. Mama iko na kidonda ku mgongo, mutu wenu hamugeuzake. Kompyuta inaniambia asante, tumepokea. Mulipokea nini?" Akaniambia mama yake sasa amelazwa hospitali Minneapolis, na kidonda kimefika mfupani. Nilimjibu kwamba nitaangalia.

Seva huhifadhi kumbukumbu za ukurasa uliofunguliwa na saa, si maneno yaliyoandikwa. Nilizikuta fomu tatu zilizotumwa siku alizonitajia. Kabla yake na baada yake zilikuwepo nyingine. Nilihesabu hadi thelathini na moja, nikaacha. Wote hao waliambiwa asante, na walichokiandika hakipo mahali popote duniani.

Jioni nilimwambia Auntie ndani ya gari. Tulipotoka barabara kuu akaniuliza:

"Umeongea na nani?"

"Hakuna, Auntie."

"Good."

Alhamisi ikaja barua: wakaguzi wa jimbo watafika Jumatatu asubuhi kuangalia malalamiko yote tuliyopokea. Auntie aliisoma mara mbili, akaikunja, akaniambia kwa sauti ileile anayotumia kuniuliza kama nimekula, "Sunday tukitoka church tutapitia ofisi. Utatoa hiyo rule, utatoa hiyo kitu yako ya anwani fupi yote, na u-delete hizo records. Ikae ni kama haikuwahi kuwa."

Nikamwambia naogopa.

Akanipigapiga goti. "Uko sawa kuogopa. Nilifungua hiyo file. Nimeona jina moja tu pale ndani, na si yangu."

Leo ni Jumamosi. Tangu juzi amekuwa mpole kuliko siku zote. Nasikia nyayo zake juu ya kichwa changu, anapika chapati, ameshaniita mara mbili nipande nikale. Nikifuta, Mama Neema ataonekana mwongo, na hao wengine ambao sijui wagonjwa wao wana hali gani hawatajulikana kamwe. Nisipofuta, wakaguzi watakuta kanuni yenye jina langu, sina karatasi wala ujumbe unaoonyesha kwamba niliagizwa, na usiku huohuo sina pa kulala. Nimewaza kumpigia Mama Neema, namba yake ninayo. Lakini nitaanzaje kumwambia kwamba aliyeandika ile "asante" ni mimi?

Ndugu zangu, hasa mliofanya kazi za wagonjwa au kompyuta huku, nielekezeni nishike lipi kabla ibada ya kesho haijaisha. Semeni hapa chini, hata kwa ukali, nitasoma yote. Ila Admin, wewe usinipigie wala usinitumie ujumbe tena. Simu hii iko kwenye laini ya familia ya Auntie, bili na namba zote anaziona yeye, na jana aliniuliza ni nani huyo ninayemwandikia.