Mlima Niliouona Ziwani

Hili sijamwambia hata mke wangu.

Miaka ile ya kupanga foleni ya sabuni, mimi, mchunga ng'ombe wa Butiama, nilipelekwa Musoma kufundisha jiografia. Ramani hatukuwa nayo. Milima ya nchi na vilele vyake nilivifundisha nimefumba macho, Kibo, Mawenzi, Meru, Rungwe, hata usiku nikawa naviota.

Wiki ya kwanza tu, asubuhi, nikauona mlima katikati ya ziwa. Mweusi, mrefu, ukipumua taratibu kama nao unaota. Siku hiyo tulikuwa na mkaguzi. Nikatoka na darasa zima, naye akatufuata hadi ufukweni.

"Tazameni mlima!"

Nyamisi, binti wa mvuvi, akanyoosha mkono. "Mwalimu, ule unatembeaga."

"Tangu lini mlima ukatembea? Nyamaza!"

Mkaguzi akajiziba mdomo kwa leso. Nikadhani ana mafua. Nikaugeukia mlima wangu, nikanyoosha kidole juu yake kabisa, nikavuta pumzi ndefu. "Hiki ndicho kile..."

Mlima ukaniingia kinywani. Kumbe ni wadudu wa ziwani, maelfu kwa maelfu, wanaopaa pamoja kama moshi.

Nikiwa natema, nikamsikia Nyamisi akisema kwa adabu kabisa: "Funga mdomo, Mwalimu. Kilele bado kinakuja."