Nusu ya Kamba

Asubuhi hii nimetoa godoro la mwanangu, lililolowa, nikaliegemeza roshani lipate jua. Harufu yake imenirudisha bondeni, chini ya kilima cha Kibuli, kwenye vyumba vyetu vya mabati.

Mama na jirani yetu, mke wa askari kutoka kaskazini, walikuwa hawasalimiani. Waligombania kamba ya nguo iliyofungwa kati ya milango yao, kila mmoja akidai ni yake. Kisha mchana mmoja mvua ikamwagika, mfereji ukafurika, na maji meusi yakaingia ndani yakanifika kifuani. Kwa jirani kulikuwa kukavu, maana mumewe alikuwa ameinua kizingiti kwa matofali.

Akagonga dirisha letu kwa mwiko.

"Leta mtoto! Maji haijui ugomvi yetu."

Mama akanipitisha dirishani. Jirani akanivua nguo, akanifunga shuka lake, akanipa uji wa moto wenye simsim, ufuta wa kwao kaskazini.

Kesho yake jua liliwaka. Hawakusalimiana. Ila mama alipoanika mashuka yetu, aliyabananisha yote upande mmoja, nusu ya kamba ikabaki tupu. Akaingia ndani.

Jirani akatoka na beseni lake la nguo zilizofuliwa.