Shahidi wa Mgongoni

Mtaani wanamwita Mama Pacha, binti wa fundi cherehani aliyewashonea sare watoto wa mtaa mzima, mjukuu wa mkunga aliyewapokea wazazi wa watoto hao. Yeye mwenyewe alifundisha chekechea, akaolewa, akajifungua pacha, na pacha wakiwa bado wananyonya akaingia chuo kikuu kusomea ualimu. Watu walisema akili imemruka. Akawaacha waseme.

Mama mkwe alikubali kulea mmoja. "Wawili siwawezi, mwanangu. Mgongo huu si wa punda."

Basi yule wa pili, mwenye kulialia, akawa anabebwa kwenda chuoni. Ukumbini watoto hawaruhusiwi, kwa hiyo Mama Pacha aliketi koridoni chini ya dirisha, huku anaandika, huku anabembeleza. Karatasi ya mahudhurio ilizunguka ndani mkono kwa mkono, nje haikutoka.

"Shoga, nikutilie saini," rafiki yake akamwambia. "Nani atajua?"

"Nitiliwe saini nimekufa? Mkono ninao."

Mkono alikuwa nao, ila karatasi haikumfikia. Mitihani ilipokaribia, majina yakabandikwa: asiyefikisha robo tatu ya vipindi vya somo la makuzi ya mtoto hafanyi mtihani, anarudia mwaka. La kwake lilikuwemo. Mwaka mwingine mama mkwe asingeuweza, na yeye alijua.

Akamwendea ofisini mhadhiri wa somo hilo, mzee mkavu, hacheki hata umtekenye.

"Mwalimu, vipindi vyako nilikuwepo. Nilikaa koridoni."

"Koridoni simjui mtu, mama. Shahidi wako nani?"

Mama Pacha alikuwa anafungua daftari lake amwonyeshe, mtoto mgongoni akaangua kilio. Mhadhiri akavua miwani.

"Kumbe ndiye huyu! Muhula mzima ananikatiza! Nikifika penye utamu tu, naye anaanza!"

"Nisamehe, mwalimu, ngoja nimnyamazishe..."

"Umnyamazishe wa nini? Si ndiyo anatoa ushahidi?"

Akagonga ukuta, mkuu wa idara akaja kutoka chumba cha pili. Alipomsikia mtoto akatikisa kichwa. "Namfahamu sana. Nilidhani chuo kimefunga king'ora."

Wakubwa hao wawili wakaandika kwamba alihudhuria, jina likatolewa ubaoni. Mama Pacha akafanya mtihani, akafaulu. Si kwa kishindo, lakini alifaulu.

Siku aliyokwenda kuchukua cheti alimwita pembeni kiongozi wa darasa la mwaka wa kwanza, msichana mwenye maringo yake.

"Mdogo wangu, karatasi ya mahudhurio unaianzishia wapi?"

"Mstari wa mbele, dada."

"Kuanzia leo ianzie nje ya mlango. Ukimkuta mtu ameketi chini na mtoto, mpe kalamu yeye kwanza."

"Na kama hakuna mtu?"

"Uchungulie hivyo hivyo. Kila kipindi."