Madaftari Saba Ukutani

Nyumbani wanadhani ni dada aliyeharibu madaftari ya rafiki yangu. Si yeye. Karatasi zile nilizibandika mimi, kwa mikono yangu, na nilizibandika nikicheka.

Mwenye madaftari tuliketi naye dawati moja. Yeye mtoto wa mjini Kisii, Mwislamu, baba yake ana duka. Mimi mtoto wa majani chai na pareto huku upande wa Nyamira. Kiswahili chake kilinyooka. Changu, alisema mwalimu, kilikuwa kama mlevi anayepanda mlima. Nilimchekesha, naye akanisahihishia insha, tukawa marafiki.

Alikuwa anaandika maktaba. Si kitabu, maktaba nzima. Alibuni nchi iliyo juu ya mawingu ambako wanazuoni hawana kazi ila kuandika na kubishana, kisha akakaa kuandika hati zao zote kwa mkono, katika madaftari saba ya shule. Kulikuwa na hati ya uzito wa vivuli, iliyoeleza jinsi ya kupima kivuli cha mtu asubuhi na jioni, na kwa nini kivuli cha mwongo huwa kizito zaidi. Kulikuwa na sarufi ya lugha ya mvua ya mawe. Hati moja ilikuwa imeliwa na mchwa, yaani aliacha mapengo makusudi katikati ya sentensi, na pembeni, kwa wino mwekundu, wanazuoni wawili wakatukanana kwa adabu kubwa juu ya maneno yaliyoliwa na mchwa.

"Nani atasoma hii yote?" nilimuuliza.

"Wewe."

"Mimi? Mimi hata Jiografia sijasoma!"

Nilisoma, lakini vipande tu, vile vya kunipa vichekesho vya bwenini. Nilikuwa napanda juu ya kitanda nijifanye mwanazuoni anayepima kivuli cha mpishi wa shule, watu wanashika mbavu. Yeye pia alicheka. Kidogo.

Likizo ilipofika akaniomba nimwekee madaftari. Dukani kwao karatasi yoyote iliyoandikwa ilikuwa mali ya sukari: baba yake aliichana, akaikunja, akafungia wateja robo zao. Madaftari ya kaka zake yote yaliondoka hivyo.

"Kwenu hakuna duka," alisema. "Yatakaa salama."

Nikaapa. Nikayafungia katika sanduku langu la mbao, chini ya nguo.

Sasa, huku kwetu wageni wa mahari wakishataja siku, nyumba lazima iandaliwe. Dada yangu mkubwa alikuwa ameposwa. Mama akakandika sebule upya kwa udongo na mavi ya ng'ombe, dada akapika gundi ya unga, tukaanza kubandika magazeti ukutani. Magazeti yakaisha tulipofika dirishani. Ukuta uliobaki ndio ule ambao wazee wangeutazama tangu kuketi hadi kuondoka.

"Wataona udongo huu?" dada akasema, machozi karibu. "Watasema wanaoa kwa watu wasiojua kusoma."

Hapo ndipo shetani wangu wa mizaha aliponipanda. Nikawaona akilini wazee wale wakidanganyana juu ya ng'ombe wa mahari, na mbele ya macho yao hati ya kupima vivuli vya waongo. Nilicheka peke yangu mpaka sandukuni. Nikajiambia kubandika si kuchana; zitakuwa pale pale, zinasomeka, tena afadhali kuliko kulala chini ya nguo. Nikatoa pini za madaftari, nikapaka gundi, nikabandika karatasi moja baada ya nyingine kwa mpangilio. Kwa mpangilio, jamani! Nilijiona mlinzi wa maktaba.

Wageni wakaja. Mzee mmoja alisogea akasoma, midomo ikicheza, kisha akamgeukia baba. "Una watoto wasomi," akasema. Dada akang'aa. Mimi nilikimbilia migombani nikacheka hadi tumbo likauma.

Wiki haikuisha, rafiki yangu akatokea bila taarifa, viatu vimejaa tope. Baba yake alikuwa amefunga duka. Walikuwa wanahamia kwa ndugu zao Mwanza, ng'ambo ya mpaka, na safari ilikuwa kesho yake. Alikuja kuchukua madaftari.

Mama alimkaribisha sebuleni kabla sijamwahi. Nilipoingia nilimkuta amesimama karibu kabisa na ukuta, anasoma. Nikangoja acheke. Hakucheka, nikaanza mimi.

"Karibu maktaba, ndugu yangu. Kiingilio bure."

Akasoma karatasi ya kwanza mpaka chini. Akaenda ya pili. Akarudi ya kwanza.

"Na upande wa pili?" akauliza.

Sikuwa nimeufikiria. Aliandika pande zote mbili za kila karatasi. Nusu ya nchi yake ilikuwa imegeukia udongo.

Tulijaribu maji ya moto. Tulijaribu wembe. Karatasi ikawa uji, ikatoka na ukuta, wino mwekundu ukachuruzika hadi sakafuni. Kwenye ya tatu akanishika mkono.

"Basi."

"Mwanangu, kunywa chai kwanza," mama akamwambia, bila kujua kilichotokea. Alikunywa yote, akashukuru.

Nilimsindikiza hadi barabarani. Vichekesho vilinijia, nikavimeza kimoja kimoja. Mwishowe nikasema nitanakili yote yaliyo ukutani, na yaliyofichika nitajaza mwenyewe, si niliyasoma?

"Nyuma ya ukurasa wa kwanza wa ile ya mchwa kulikuwa na nini?"

Nikaanza kumtajia uzito wa vivuli.

"Usijaze," akasema. "Utamweka mpishi."

Nimenakili yote yaliyosalia ukutani. Pale sentensi inapokatika mwisho wa ukurasa nimeiacha imekatika. Kazi ilinichukua likizo yote iliyobaki, na ndiyo mara yangu ya kwanza kuisoma kweli. Ni nzuri kuliko nilivyokuwa nikiwaambia bwenini. Ningependa kumwambia hivyo, ila siku ile barabarani sikuuliza anwani.