Nilipompa Mchumba Wangu Sifuri

Siku ya kupeleka mahari Pinetown naikumbuka mpaka rangi ya soksi nilizovaa. Zilikuwa za kijani, mwanangu, na hazikuwa na kosa lolote. Kosa lilikuwa kwenye mfuko wa shati, ambamo nilikuwa nimekunja karatasi moja ya pointi, na kosa kubwa zaidi lilikuwa mdomoni.

Nakueleza haya kwa sababu juzi ulikuja hapa kwetu Albert Park, Durban, ukaketi kwenye kochi langu, chai ikapoa mbele yako huku ukijumlisha pointi kwenye simu. Umri wako, masomo yako, Kiingereza chako, miaka yako ya kazi. Kisha ukaniuliza, "Papa, nikioa mtu mwenye digrii, si itanisaidia?" Mke wangu alikuwa jikoni. Alicheka mpaka akashika ukuta, nawe hukujua anacheka nini. Mimi nilimfikiria yule binti wa duka la simu pale chini, ambaye kila wiki unampelekea simu ile ile akutengenezee, na tangu lini simu moja ikaharibika mara nne kwa mwezi? Nikasema, huyu mtoto anakaribia kuvunjika pale pale nilipovunjikia mimi.

Wakati ule nilikuwa na miaka ishirini na tisa, fundi umeme katika kiwanda kimoja cha Pinetown. Nilikuwa nimetoka Uvira, Kongo, na diploma yangu ya ufundi ikiwa ndani ya mfuko wa plastiki, na mfuko huo ndani ya mfuko mwingine wa plastiki. Tukasikia kwamba Kanada wanatafuta watu wenye ujuzi. Hawakuuliza wewe ni mtoto wa nani wala nani amekutuma. Walikuwa na jedwali: umri, masomo, Kiingereza na Kifaransa, miaka uliyofanya kazi, kama kuna mwajiri anayekusubiri, kama una ndugu kule. Kila kitu na pointi zake. Ukifikisha kiwango, mlango wa ukaazi wa kudumu unaweza kufunguka. Usipofikisha, unabaki ulipo. Niliupenda sana utaratibu ule, nakwambia kweli. Mtu aliyezoea kufukuzwa kwenye foleni bila kuambiwa sababu, ukimpa karatasi inayomwonyesha alipopungukiwa, huona ameheshimiwa.

Nilijumlisha. Nikajumlisha tena. Nilikuwa nimepungukiwa pointi tatu. Nikajaribu kujumlisha kutoka chini kwenda juu, labda zingejisahau, lakini zilibaki tatu zile zile.

Chini kabisa ya jedwali palikuwa na mstari mdogo: masomo ya mwenzi wako. Mke mwenye diploma ya chuo, hata ya miaka michache, angeniletea tatu kamili. Na mchumba nilikuwa naye. Riziki alikuwa msusi katika saluni moja hapa Albert Park, msichana wa Bujumbura mwenye kicheko cha kusikika ghorofa ya tatu na madirisha yamefungwa. Nilimpenda, na nataka uliamini hilo kabla hujasikia mengine. Lakini shule aliiacha mwaka wa mwisho wa sekondari, vita vilipofika mtaani kwao. Diploma hakuwa nayo.

Ningekuwa na akili ningemshauri faraghani aendelee na masomo, akikataa akatae. Lakini akili huja na mvi, na mimi wakati ule nywele zangu zilikuwa nyeusi tii.

Basi tukaenda Pinetown, kwa baba yake mdogo, Papa Zakaria. Msemaji wangu alikuwa Papa Elia, shemasi wa kanisa letu, mzee aliyeweza kuomba maji ya kunywa kwa methali tatu. Kwa desturi yetu bwana harusi siku hiyo ni kama kabati jipya: analetwa, anakalishwa, anatazamwa. Haongei. Riziki naye alikuwa chumba cha ndani akisubiri kuitwa.

Mambo yalikwenda vizuri. Mwenye kusoma orodha alikuwa Mama Sifa, mke wa Papa Zakaria, muuza vitenge, na ndiye hasa aliyekuwa mwenye kikao ingawa mume wake ndiye aliyekalia kiti kikubwa. Mbuzi wawili, suti ya baba mdogo, vitenge vya mama, blanketi la bibi aliyebaki Bujumbura. Papa Elia akaomba mbuzi mmoja apumzishwe, maana safari ni ndefu na mbuzi wa Durban wana kiburi. Watu wakacheka, mbuzi akasamehewa. Kisha Mama Sifa akauliza, "Kwenu iko neno lingine?"

Mwanangu, hilo ni swali la adabu. Jibu lake ni moja tu: hatuna, mama, tunashukuru. Mimi nikanyanyua mkono. Papa Elia akanikanyaga mguu. Nikadhani ni bahati mbaya, nikausogeza mguu, nikasimama.

"Na siye tuko na kaombi kadogo," nikasema. "Bibi harusi apate diplome. Ndani ya miaka miwili. Hata ndogo."

Mama Sifa akaishusha orodha. "Diplome ya nini, papa? Siye tunaomba mbuzi, weye unaomba diplome?"

Nikaitoa karatasi, nikaikunjua, nikaanza kueleza. Nilieleza kwa bidii kama mhubiri mgeni. Nilipofika kwenye mstari wa mwenzi nilionyesha kwa kidole ili wote waone. Papa Zakaria alikuwa amefumba macho. Mama Sifa akaita, "Riziki, kuja huku! Bwana yako iko na kipimo."

Riziki akatoka, amevaa kitenge cha bluu, nywele zake mwenyewe amezisuka kwa ajili ya siku ile. Akaisoma karatasi yote, bila haraka. Akauliza, "Na mimi hapa niko na ngapi?"

Wahenga walisema heri kujikwaa kidole kuliko kujikwaa ulimi. Vidole vyangu vyote vilikuwa salama ndani ya soksi za kijani.

"Kwa sasa," nikasema, "sifuri."

Nikaziona nyuso za watu. Nikaongeza haraka, "Lakini hupunguzi kitu."

Papa Elia alitoa sauti kama ya mtu aliyemeza mfupa. Mama Sifa akavaa miwani, akaichukua karatasi yangu, akaigeuza upande mweupe, akaomba kalamu.

"Tuanze. Umri?"

"Ishirini na tisa, mama."

"Iko sawa. Kumi. Masomo?"

"Diplome ya umeme."

"Nzuri sana. Kumi." Nikakaa wima. Nilikuwa naanza kupendezwa. "Lugha. Unajua kunyamaza?"

Papa Elia akanijibia: "Hapana, mama."

"Sifuri. Uzoefu wa kazi. Umeshaoa mara ngapi?"

"Sijawahi, mama."

"Sifuri. Iko na ndugu katika nchi hii?"

Nikamwonyesha Papa Elia. Papa Elia akatazama dirishani, kana kwamba ameona mtu anayemfahamu.

"Sifuri."

"Mama," nikasema, na hata jasho lilikuwa limeanza, "kwani kiwango chenu ni ngapi?"

"Eish, papa. Siye ndiyo ubalozi. Ubalozi unajua." Akaikunja karatasi vizuri akanirudishia. "Umepungukiwa tatu. Viza imekataliwa. Unaweza kuomba tena."

Sebule nzima ilicheka, hata Papa Zakaria na macho yake yaliyofumbwa. Riziki peke yake hakucheka. Alirudi ndani na kuufunga mlango polepole, na mimi niliyezoea kicheko chake nikajua nimefanya jambo baya kuliko nilivyodhani. Kanada ilikuwa mbali sana saa ile.

Tukapanda taksi kurudi mjini. Papa Elia, mtu wa methali, hakusema hata moja. Tuliposimama kwenye robot, zile taa za barabarani za kuingia mjini, ndipo akanigeukia. "Wale wa Kanada wanakupima kwa sababu hawakujui," akasema. "Hawana kosa. Lakini weye Riziki unamujua. Ulikuwa unapima nini?"

Jibu lake nimezeeka nikilitafuta.

Jumapili, kabla hata ya wimbo wa kwanza, kanisa zima lilikuwa limenibatiza upya. Nilikuwa Papa Pointi. Watoto waliniita Papa Pointi, na mchungaji aliniita hivyo mara moja kwa kupitiwa, akaomba radhi huku akijiuma midomo. Riziki hakuitikia salamu zangu. Mchagua nazi hupata koroma, lakini mimi hata koroma sikuwa nayo.

Jumamosi ya tatu nikajikaza, nikaenda saluni. Riziki alikuwa anasuka. Bila kunitazama akauliza, "Umekuja kuhesabu?"

"Nimekuja kuomba tena."

Akanitupia fungu la nywele za kusukia. "Shika hii. Unachambua, unanipa. Uzoefu wa kazi."

Jumamosi nne, mwanangu. Fundi umeme mwenye diploma, nimekaa kwenye kigoda kati ya wanawake, nachambua nywele. Walinitania mpaka wakachoka, wakaanza kunituma sambusa. Lakini nikiwa pale chini nilimwona Riziki akiwa kazini, jambo ambalo sikuwahi kulifanya kwa muda wote wa uchumba. Alisimama tangu asubuhi mpaka jioni. Kwa mteja huyu Kizulu, kwa yule Kiingereza, kwa mwingine Kifaransa, Kirundi kwenye simu na bibi yake, na Kiswahili kwangu, kidogo tu, cha kunigombeza. Alitazama kichwa mara moja akajua kitachukua mafungu mangapi. Siku moja akaja msichana analia, amefukuzwa kazi. Akatoka amesukwa na amepata jina la mtu wa kwenda kumwuliza kazi. Nilikumbuka jedwali langu lote, mstari kwa mstari, sikuona mahali pa kuyaandika hayo. Niliona aibu, ile aibu ya kweli inayoanzia masikioni.

Jumamosi ya nne ya kuchambua nywele akaniuliza, mikono yake ikiendelea kusuka: "Ukinioa kwa sababu umepungukiwa tatu, siku wakipandisha zikuwe nne, utaongeza nani?"

Mama mmoja Mkongomani aliyekuwa kwenye kiti, kichwa nusu kimesukwa, akasema, "Jibu, papa. Shingo inaniuma."

"Sitaongeza mtu," nikasema. "Nakutaka weye. Nilikuwa mpumbavu, na nakutaka weye. Kanada wakitutaka, watatukuta pamoja."

Akaumaliza msuko aliokuwa anausuka. "Hiyo," akasema, "ni pointi moja."

Tulirudi Pinetown na mbuzi wawili, maana Mama Sifa alikuwa amemwamsha yule aliyepumzishwa. Alipouliza, "Kwenu iko neno lingine?" niliikalia mikono yangu yote miwili. Akasubiri. Akauliza kama bwana harusi bado anapumua. Papa Elia akathibitisha.

Kanada sikwenda. Harusi iliumeza mwaka ule, na nilipokuja kulifungua faili langu tena, wenyewe walikuwa wamebadilisha namna ya kuhesabu, na kwa hesabu ile mpya nilipungukiwa zaidi ya tatu. Mbio za sakafuni huishia ukingoni. Makaratasi ya kudumu ya hapa tuliyapata kwa njia ndefu, foleni baada ya foleni, wawili tukipokezana kiti kimoja cha kukunja. Naye Riziki, baada ya mtoto wa pili, aliamua mwenyewe kwenda chuo, akasomea urembo na biashara, akafungua saluni yake mtaa wa Sydenham. Diploma yake imetundikwa ukutani juu ya kioo. Siku alipoitundika niliitazama nikajumlisha kimoyomoyo, Mungu anisamehe. Tatu kamili.

Basi sikukatazi, mwanangu. Hata nchi hii tunayoishi sasa imeanza kuwahesabia pointi wanaoomba viza ya kazi, na ukiona unafaa, omba, hapa au kwingine. Vyeti vyako vitunze, mtihani wa lugha ufanye mapema, barua za waajiri uzidai ungali kazini, na usiongeze hata mwezi mmoja wa kazi ambayo hukuifanya. Wala usione uchungu wakikupa chache. Yule anayesoma fomu yako hajawahi kula nawe, hana namna nyingine ya kukujua. Lakini ukimaliza kuijaza, kipimo chao kiache mezani pamoja na fomu yao. Usikitie mfukoni ukaenda nacho kwa watu unaowajua. Yule binti anakutengenezea simu isiyoharibika, na anajua haijaharibika, na hajawahi kukwambia. Usije ukasimama mbele ya wazee wake ukampa sifuri.

Mimi nyumbani kwangu bado nahesabiwa. Jana nilisahau kufunga bomba, nikakatwa mbili. Kwa jedwali la Riziki sijafikisha kiwango hata siku moja, na miaka hii yote sijafukuzwa.

Mungu akupe pointi unazozitafuta, mwanangu, ayajalie makaratasi yako mkono wa mtu asiye na hasira siku hiyo. Na zaidi ya hizo akupe mtu wa kukupokea ukiwa umepungukiwa. Sema amina. Sasa inuka uende, naona simu yako imeharibika tena.