Mjusi wa Mikadi ya Makaburini

Soazafy alisuka mikeka tangu usichana, na ulimi wake ulikata kuliko kisu chake. Mikadi yake, miti ya majani marefu ya kusukia, ilikuwa kando ya mto, mpaka kimbunga kilipoing'oa yote. Na karamu ya kumkumbuka marehemu mumewe, Tombo, ilikuwa inakaribia. Wageni wangekula wali chini, kwenye vumbi?

Ilibaki mikadi ya kilimani tu, kwenye makaburi ya ukoo wa Tombo. Hiyo haiguswi. Hata kuionyesha, unakunja kidole kama ndoana. Mke wa kuolewa akiikata, hana tena nafasi kaburini. Atazikwa porini peke yake, mbali na mumewe.

Soazafy alipanda mchana wa jua kali, watu wakiwa wanakula.

"Baba Fara," alimnong'oneza Tombo, "ni kwa karamu yako." Akakata.

Nyumbani, mzigo wa majani ukalia: tk, tk. Akafungua. Kwenye shina la jani palikuwa na mayai mawili meupe, yameng'ang'aniana. Kando yake, mjusi mdogo kama kidole cha mwisho, wa kijani, mgongo una madoa mekundu. Hakupepesa jicho. Soazafy alizeekea kijijini pale na hakuwahi kumwona mjusi wa namna hiyo. Alimfukuza kwa ufagio. Mjusi akapanda ukutani, akatulia juu ya upande wa kitanda aliolalia Tombo.

Tangu hapo, kila jua lilipofika utosini, alishuka kulamba kikombe cha Tombo, kile alichonywea asali.

Ndipo akapita Noro, binti wa mji mkuu aliyesomea mijusi, akiuliza nyumba kwa nyumba. Alipomwona yule ukutani, alisogea karibu.

"Mama, huyu sijamwona popote, hata vitabuni. Ametoka wapi?"

"Si unamwona? Ukutani."

"Hapana, mama. Mijusi wa jamii yake hukaa kwenye mikadi."

Velovavy, dada yake Tombo, alikuwa mlangoni akichambua mchele. Mikono ikasimama.

"Mikadi ipi, wifi? Ya mto si imekwenda na maji?"

Tk, akafanya mjusi.

"Leo ulimi umemwazima nani, wifi?"

"Nimekata ya kilimani."

"Ya kaka yangu!"

"Ya mume wangu."

Ukoo ukakaa. Ikaamuliwa amrudishe mjusi kwa mkono wake, amwage pombe ya miwa, aombe radhi mbele ya wote. Mjusi akikimbilia porini, basi na Soazafy makao yake ni huko porini. Noro aliomba amchukue mjusi kwenye chupa.

"Mtie mama yako kwenye chupa," Velovavy akamwambia. "Piga picha, inatosha."

Soazafy akapanda na mjusi kikapuni, jani lenye mayai juu ya kifuniko. Akamwaga pombe, akaomba. Yeye ambaye hakuwahi kumwomba mtu radhi! Akafunua.

Mjusi hakwenda porini. Hakwenda hata kwenye mkadi. Alikimbia moja kwa moja mpaka jeneza la gogo la Tombo, chini ya paa la bati, akashukia pale pembeni palipoachwa wazi. Akageuka, akamtazama Soazafy.

Watu wakasogea kuona.

"Haya, wifi," Velovavy akasema taratibu. "Umeonyeshwa nafasi yako. Hakuna wa kukufukuza."

Watu wakapiga makofi, pombe ikazunguka. Baadaye Noro alileta habari kwamba mjusi yule kweli hakuwa akijulikana na wataalamu, na anatafutiwa jina. Ukoo ukamjibu kwamba jina analo tayari. Lipi, hawakusema.

Soazafy alishuka mwepesi kama msichana. Nafasi yake anayo! Usiku akalala fofofo.

Kesho yake, jua likiwa utosini, kikombe cha Tombo kilikuwa kimelambwa kikang'aa. Akainua macho ukutani. Upande wa Tombo ulikuwa mtupu. Mjusi alikuwa amerudi, juu ya upande wake yeye.

Soazafy akavuta kigoda, akakaa.

"Nimesikia unaniita, Baba Fara," alisema, akishika majani. "Lakini ngoja kwanza. Mkeka sijaumaliza."