Kijani Juu, Nyekundu Chini

Juzi, darasani hapa Mahajanga, jirani yangu wa dawati alifungua mkate wake kabla ya mapumziko, na harufu ya achari ya embe ikanipanda puani: siki, bizari, pilipili kali. Mwalimu wa hesabu alikuwa ubaoni, jasho linamtiririka, akitueleza kwamba kuchagua watu watatu ni jambo moja, na kuwapanga hao watatu ni jambo jingine kabisa. Darasa lilikuwa linasinzia. Mimi nikaangua kicheko peke yangu, nikatolewa nje. Hakuuliza nilichekea nini, basi nitawaambia ninyi.

Nilikuwa na miaka tisa, na uhuru wetu wa Madagaska ulikuwa haujatimiza hata miaka miwili. Kwa sherehe ya shule, mwalimu mkuu alibuni bendera ya watu badala ya kitambaa. Katika darasa zima akachagua watatu. Bakari, mrefu kama mlingoti, avae nyeupe na kusimama pembeni. Binamu yangu Echati, ambaye upepo ungeweza kuondoka naye, avae nyekundu na kusimama juu ya benchi. Na mimi, msichana wa kushiba, nivae kijani na kupiga magoti mbele ya benchi.

Kuchaguliwa kulinilevya. Habari zikafika kisiwani Nosy Be kwa bibi yangu, Koko, muuza achari, naye akapanda meli na kopo la achari mapajani, aje amwone mjukuu wake akiwa bendera. Hapo ndipo nilipoona tatizo. Wanawake wa sokoni wangekaa nyuma kabisa, na Koko ni mfupi. Nikipiga magoti, baada ya safari yote ile angeona kofia za wakubwa tu.

Asubuhi ya sherehe nilimbana Echati nyuma ya shuka lililotuficha.

"Nipishe benchi."

"Mwalimu kasema nyekundu juu."

"Basi nipe shati lako."

Tulijaribu. Likanikwama mabegani.

"Wewe huhitaji shati," akasema, "unahitaji tanga."

"Echati, dada yangu, watu si walewale watatu? Rangi si zilezile tatu? Koko akianza na bizari au akianza na pilipili, umewahi kusikia mtu akilalamikia achari?"

Echati alifikiri. Hilo ndilo lilikuwa kosa lake. Akapiga magoti na wekundu wake, mimi nikapanda na kijani changu.

Shuka likavutwa. Mgeni rasmi akapinda shingo, kama mtu anayesoma gazeti lililogeuzwa. Mwalimu mkuu akawa na rangi ambayo haimo katika bendera yoyote.

"Wameipindua!" mtu akasema.

"Mtoto wa nani huyo wa juu?"

Shangazi yangu, safu ya tatu, ghafla akawa anatafuta kitu mkobani.

Ndipo sauti ikatoka nyuma kabisa, kwa Kingazija, lugha ya nyumbani kwetu, ili asikose kusikia mtu wa kwetu hata mmoja: "Wangu huyo! Mjukuu wangu huyo wa juu!" Niliuona mkono wake tu ukipunga, na bangili zake.

Kicheko kikalipuka, mgeni rasmi naye hakujizuia. Mwalimu akanishusha kwa sikio, Echati akapanda, na walewale watatu tukawa bendera ya kweli. Nilipiga magoti nikitazama viatu vya wakubwa mpaka wimbo ukaisha. Wiki nzima nilifagia darasa.

Kwa miaka niliamini Koko alipiga kelele kwa kutojua. Mwanamke wa sufuria na siki, mambo ya bendera angeyajulia wapi? Likizo iliyopita, Nosy Be, nilikuwa namsaidia kumenya maembe, nikamwuliza.

"Mimi?" akasema bila kuinua macho. "Kila asubuhi napita na kapu langu mbele ya bendera ya posta. Nyekundu juu, kijani chini. Nilijua umeiharibu kabla ya huyo mwalimu wako."

"Sasa mbona ulipiga kelele, Koko?"

"Si waliuliza wewe ni wa nani? Ulitaka ajibu nani, shangazi yako?"

Nikainamia maembe yangu, maana macho yalikuwa yananiwasha, na pilipili ilikuwa bado haijafunguliwa. Kisha Koko akatia pilipili, halafu bizari. Au bizari kwanza. Sikumbuki, na kwenye achari haidhuru.